Banda la mpira la Ujiji: mabao ya Samatta niliyasikia kupitia bati, sasa nayaona

Tangu niseme kwamba kila Jumanne nampeleka mwanangu kwenye banda la mpira, kina mama wenzangu wa Kibirizi, hapa Kigoma, wananiuliza swali lilelile: unamwingizaje mtoto kwenye kibanda umiza, hivi vibanda vya kulipia kutazama mpira kwenye luninga? Naandika hapa kwa kirefu nisiwe najibu kila tunapoanika dagaa.

Banda lenyewe liko Ujiji, kabla hujafika njia panda ya kushukia makumbusho ya Livingstone. Kuta ni mabati, sakafu ya saruji, mabenchi ya mbao kumi na mawili na luninga mbili ukutani. Nalifahamu kwa zaidi ya miaka kumi, lakini kwa muda mrefu nililijua kwa nje tu. Kabla sijaingia kwenye dagaa nilikuwa nauza chai na maandazi pale mlangoni. Kwa hiyo mabao ya Mbwana Samatta niliyasikia kabla sijayaona. Bati linapiga kelele kuliko ngoma. Ukikaa nje unajifunza kutofautisha kelele ya bao, kelele ya penalti, na ule mguno wa watu mia mpira ukigonga mwamba.

Kelele ya kwanza ninayoikumbuka vizuri ni ya Novemba 2015, Jumapili, fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika, TP Mazembe ya Kongo na USM Alger ya Algeria, kule Lubumbashi. Mwanangu alikuwa na miaka minne, kalala kwenye kanga chini ya meza ya maandazi. Kwetu Kigoma mechi ile ilikuwa na wenyewe pande mbili. Wapo wafanyabiashara wa Kikongo wanaovuka ziwa kutoka Kalemie na Uvira, hao Mazembe ni yao. Na sisi tulikuwa na Samatta, kijana wetu aliyetoka Simba mwaka 2011 kwenda kuivaa jezi ile. Mechi ya kwanza ya fainali hiyo, kule Algiers, Mazembe walikuwa wameshinda 2-1, na Samatta alifunga penalti. Siku hii tena akapewa penalti, akafunga. Wakaongeza la pili, ikawa 2-0. Mama mmoja wa Kikongo alitoka ndani akanikumbatia na sufuria langu la chai mkononi. Miezi miwili baadaye Samatta akatangazwa mchezaji bora wa Afrika kwa wanaocheza ndani ya bara, na mwezi huohuo akaenda Genk, Ubelgiji.

Sasa nieleze kwa nini niliamua kuingia ndani, maana hiyo ndiyo huduma ninayotaka kuisifu.

Mwenye banda ni mzee wa makamo, zamani alikuwa beki wa kati wa timu za mtaani. Watoto wanamwita Babu, nami namwita Baba. Jumanne saa kumi jioni, siku ambazo hakuna mechi ya moja kwa moja, anafungulia watoto kwa shilingi mia mbili, mzazi akija naye analipa mia tano. Anaweka mechi za zamani alizozihifadhi kwenye flashi, na anaweka mechi nzima. Ana fimbo ya mwanzi. Anasimamisha picha, anaelekeza fimbo kwenye luninga, anauliza: "Namba tisa yuko wapi?"

Mwanangu ana miaka kumi na nne sasa na anacheza namba tisa, yaani mshambuliaji wa kati. Mwaka jana alikaa mechi nne bila kufunga, akaja kuniambia anaacha mpira, anataka kurudi kuwa kipa kama alivyokuwa mdogo. Nikamuuliza kwa nini. Akasema, "Mama, straika ni kufunga, mimi sifungi." Nilimwelewa ametoa wapi. Kwenye simu ya mjomba wake anaangalia vipande vya mabao tu: mpira unaingia, watu wanashangilia, kipande kingine. Kwenye vile vipande hakuna mshambuliaji anayekosa. Mtoto akiviangalia mwaka mzima atadhani mwenye matatizo ni yeye peke yake.

Jumanne yetu ya kwanza iliwekwa Liverpool na Genk, Anfield, Novemba 2019. Mechi hiyo niliisikia pia kwa nje, saa tano na zaidi ya usiku, nikiwa nataka kufunga biashara. Bati lililia mpaka mbwa wa jirani wakabweka. Nilichokuwa sijui ni kwamba kabla ya bao lile mtu yule alikuwa amekimbia muda mrefu bila kupewa kitu. Baba alisimamisha picha labda mara kumi na tano kabla ya dakika ya arobaini. Kila mara: "Namba tisa yuko wapi?" Watoto wanamtafuta. Yupo katikati ya mabeki wawili. Yupo anarudi kusaidia. Yupo ananyoosha mkono kuomba mpira, haji. Halafu ikaja kona, akaruka juu ya walinzi wa mabingwa wa Ulaya, kichwa, 1-1. Mechi iliisha Liverpool wameshinda 2-1, na Baba hakuizima baada ya bao. Tuliiangalia mpaka kipenga cha mwisho.

Njiani mwanangu alikuwa kimya. Tulipofika karibu na nyumbani akaniambia, "Mama, kumbe aligusa mpira mara chache." Sikuongeza neno.

Jumanne ya tatu ndiyo iliyonifanya nimheshimu yule mzee. Wiki moja kabla alikuwa ameonyesha fainali ya Kombe la Ligi pale Wembley, tarehe 1 Machi 2020, Manchester City na Aston Villa, ambako Samatta alikuwa amehamia kutoka Genk. City walikuwa mbele 2-0. Ukapigwa mpira mrefu, John Stones akateleza, El Ghazi akauwahi na kuingiza krosi, Samatta akajirusha chini kwa kichwa, 2-1, na ndivyo ilivyoisha. Baba aliirudisha mara sita, hakutaka tutazame kichwa. Alitaka tutazame sekunde ambayo beki anaanguka. "Mimi nilikuwa beki," akawaambia watoto, "namjua straika mvivu. Beki akianguka, mvivu anasimama kumshangaa. Huyu kasimama?" Watoto: "Hajasimama!" Mzee akapiga benchi kwa fimbo kwa furaha.

Wiki iliyofuata tukadhani ataweka mabao mengine. Akaweka mechi ya Villa ya baada ya ligi kurudi kutoka kwenye korona, viti vitupu uwanjani, Samatta anaingia kutoka benchi. Hakufunga, na nafasi ya maana hakuipata. Watoto wawili wakaomba ibadilishwe. Baba akakataa, akawaeleza taratibu: huyu ni Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya Uingereza, alifunga mechi yake ya kwanza ya ligi, dhidi ya Bournemouth, siku waliyofungwa 2-1, kisha akafunga Wembley. Baada ya hapo hakuifungia Villa tena. Mabao mawili. Septemba akaenda Fenerbahçe ya Uturuki, kisha Antwerp ya Ubelgiji kwa mkopo, kisha Genk tena kwa mkopo. Na huyu ndiye aliyefunga mabao 23 ya ligi msimu wa 2018/19 Genk wakawa mabingwa wa Ubelgiji, akachukua na Ebony Shoe, tuzo ya mchezaji bora mwenye asili ya Afrika kwenye ligi ya Ubelgiji. Miguu ni ileile. Timu ikibadilika, krosi zikipungua, kocha akitaka mtu wa aina nyingine, mabao yanakauka. "Akaacha mpira?" akauliza. Akawaambia alikwenda PAOK, mwaka 2024 akawa bingwa wa Ugiriki, halafu akaenda Le Havre, Ufaransa.

Nilitazama uso wa mwanangu wakati wa mechi ile ya viti vitupu. Hakupepesa. Ameziona zile mechi zake nne.

Mimi sikusoma mpira, lakini nimeuza chai mlangoni kwa watu wa mpira miaka mingi, na naamini maisha ya mshambuliaji hayawezi kueleweka kwa mabao yake. Banda hili ndilo mahali pekee hapa mjini nilipoona mtu anawaonyesha watoto na mechi kavu kwa makusudi. Uwanja wa Lake Tanganyika nao naupenda, timu yetu ya Mashujaa ikicheza nyumbani nakwenda nikipata nafasi, na mwanangu anatakiwa kuuona mpira wenyewe na kusikia vishindo vya miguu. Ila uwanjani hakuna wa kusimamisha picha. Fainali ya Simba na Yanga ya Julai 2021 ilipochezwa pale, bao la Taddeo Lwanga lilipita wengi wetu wakiwa wanapishana kutafuta pa kusimama.

Sasa kasoro, maana ni lazima nizitaje kwa mwenye kuja na mtoto.

Joto ni kali. Mabati juu, mabati pembeni, feni ni mbili na moja haizunguki. Njoo na maji na kitambaa. Kuna nguzo katikati inayoziba kona ya kushoto ya luninga kubwa kwa anayekaa mabenchi ya nyuma, na kwa bahati mbaya mechi nyingi bao linaingia upande huohuo. Choo kiko kwa jirani, inabidi uombe ufunguo. Mechi za 2015 picha yake ni hafifu, namba za jezi hazisomeki, Baba anawatambua wachezaji kwa mwendo tu. Umeme nao ukikatika, jenereta lipo lakini linawashwa kwa mechi za moja kwa moja za watu wazima. Jumanne ikizimika mnarudi nyumbani, ingawa mara zote mbili ilipotukuta alituandikia jina tukaingia bure wiki iliyofuata. Chenji hana kamwe. Beba mia mbili yako kamili au lipa kwa simu.

Na hili nalisema kwa msisitizo: msimlete mtoto siku ya Simba na Yanga wala usiku wa Jumamosi. Siku hizo banda ni jingine kabisa. Kiingilio kinapanda mpaka elfu moja, vijana wanakuja na mikeka yao ya kubeti mkononi, timu moja ikiharibu mkeka matusi yanaruka. Nilikuwa mlangoni miaka yote hiyo, najua. Jumanne hakuna mkeka, hakuna sigara ndani, na Baba anamtoa mtu mzima yeyote anayetukana mbele ya watoto. Nimemwona akimtoa jamaa mwenye mwili mara mbili yake, kwa maneno mawili tu: "Ndugu yangu, nje."

Kuhusu mwanamke kuingia. Siku ya kwanza vijana watatu waligeuka kunitazama. Baba akasema kwa sauti, "Huyu mama alituuzia chai miaka, mpisheni." Nikapewa benchi la pembeni karibu na mlango, penye hewa. Tangu hapo nimeshakutana na kina mama wengine wawili, mmoja ana binti wa miaka kumi na miwili anayekimbia kuliko wavulana wote wa mtaa wake. Binti yule ndiye anayemwona namba tisa haraka kuliko watoto wote. Fimbo haijafika kwenye luninga, yeye keshasema.

Kwa biashara yetu ya dagaa, ratiba si mbaya. Mbalamwezi ikiwaka mitumbwi haiendi, kwa hiyo kuna wiki Jumanne tuko huru kabisa. Wiki za giza namwachia dada yangu kuanua, nampa sehemu yake.

Mwanangu bado namba tisa. Jumamosi iliyopita alicheza, hakufunga. Alirudi nyumbani na vumbi mpaka kwenye nyusi, akala ugali wa muhogo na mgebuka sahani mbili, akaanza kunielezea kwa vijiko mezani: chumvi ni beki, kikombe ni kipa, yeye kijiko. Alinionyesha mahali alipokuwa mpira ulipopotea, na mahali ambapo angetakiwa kuwa. Alitumia karibu nusu saa. Chai ikapoa.

Jumanne ijayo Baba ameahidi Genk na Brøndby ya Agosti 2018, usiku ambao Samatta alifunga matatu, 5-2. Saa kumi kamili. Benchi la mbele kulia ni la watoto wafupi, msilikalie.