Kibanda cha muvi Makoroboi, Mwanza: nimepata Tetsuo

Ukimwambia kijana wa hapa unataka muvi ya Kijapani, anakuwekea za ngumi. Mwandikie jina la mwongozaji kwenye karatasi: Shinya Tsukamoto. Mimi alinitafutia Tetsuo ya 1989, nyeusi na nyeupe, dakika 67 tu. Tsukamoto kaandika, kaongoza, kahariri na kuigiza mwenyewe! Uhariri ndio utamu wenyewe: mtu ananyoa ndevu, anakuta chuma kimemwota shavuni kama chunusi, kuanzia hapo picha zinakatwa mbiombio hadi unasahau kupepesa. Usiangalie na watoto. Picha safi, ila maandishi ya chini yanachelewa kidogo. Kotoko, muvi nyingine ya Tsukamoto iliyompa tuzo kwenye tamasha la filamu la Venice 2011, kijana hana. Bei poa. Beba flashi yako. Za pale, mh, zinakufa mapema.