Kalenda ya miezi 13 kwa dunia ya kubuni: uzuri wake na pale inapovunjika

Karibuni watazamaji. Leo tunachambua kiolezo cha kalenda ambacho wabunifu wengi wa dunia za kufikirika hukikimbilia: miezi 13, kila mmoja una siku 28. Hizo ni siku 364. Inayobaki ni siku moja ya ziada, mwisho wa mwaka, isiyo ya mwezi wowote wala ya wiki yoyote.

Wazo lenyewe si geni. Mwingereza Moses Cotsworth alilipendekeza mwaka 1902 kwa dunia yetu hii, na Kodak, kampuni ya kamera na filamu za picha, ilipangia shughuli zake za ndani kwa kalenda hiyo kuanzia 1928 hadi 1989. Kwa hiyo tunachambua kitu kilichokwisha kufanya kazi, tena kwa miongo.

Uzuri wake mkubwa ni wiki. Siku 28 ni wiki nne kamili, hakuna salio. Mwezi ukianza Jumapili, tarehe 13 ni Ijumaa, na itakuwa Ijumaa kila mwezi na kila mwaka. Ukiandika kwamba gulio la mji hufanyika tarehe 5, umeshajua ni siku gani ya wiki mpaka mwisho wa hadithi. Kwa anayeongoza mchezo wa mezani, ule ambao wachezaji huigiza wahusika wa hadithi, na kuulizwa tarehe kila dakika, hilo peke yake linatosha kuichagua.

Sasa tuje angani. Kiswahili kinatupa neno moja, mwezi, kwa vitu viwili, na wengi hudhani vitu hivyo vitakwenda sambamba vyenyewe. Haviendi. Mwezi wetu wa angani humaliza mzunguko wake, mwandamo hadi mwandamo, kwa wastani wa siku 29.53. Uweke juu ya kalenda hii uone: mwezi mpevu ukiwa tarehe 14 ya mwezi wa kwanza, kila mwezi unachelewa kwa siku moja na nusu hivi. Ukifika mwezi wa kumi, mpevu uko mwisho kabisa, tarehe 27 au 28. Mwezi wa kumi na moja hauna mwezi mpevu hata mmoja. Kama umeandika kwamba mtu fulani hugeuka mbwamwitu kila tarehe 14, mwezi unapokuwa mpevu, hesabu yako imeharibika kabla mwaka haujaisha.

Basi mbunifu husema, dunia ni yangu, mwezi wangu utazunguka kwa siku 28. Vizuri, lakini umeisahau ile siku ya ziada. Mwaka una siku 365, yaani mizunguko 13 na siku moja juu, kwa hiyo kila mwaka mwezi mpevu unawahi kwa siku moja. Baada ya miaka 14, tarehe iliyokuwa ya mwezi mpevu inaangukia giza tupu. Hili ndilo kosa baya kuliko yote, maana halionekani kwenye sura za mwanzo. Linajitokeza mtoto wa sura ya kwanza anapokuwa kijana.

Dawa ziko mbili. Ya kwanza, futa siku ya ziada, mwaka uwe siku 364 na mzunguko siku 28 kamili. Ya pili, ninayoipenda zaidi, gawa 365 kwa 13: mzunguko uwe siku 28 na takriban saa 1 na dakika 51. Mwezi mpevu utasogea polepole, siku moja tu kwa mwaka mzima, kisha siku ya ziada itaurudisha mahali pake.

Misimu nayo haikai vizuri, kwa sababu 13 haigawanyiki kwa nne. Robo ya siku 364 ni siku 91, miezi mitatu na wiki moja. Msimu wa pili utaanza tarehe 8 ya mwezi wa nne, wa tatu tarehe 15 ya mwezi wa saba, wa nne tarehe 22 ya mwezi wa kumi. Inakubalika, ila usiandike kwamba kila msimu una miezi mitatu.

Kuhesabu safari: mhusika anaondoka tarehe 20 mwezi wa 12, anafika tarehe 5 mwezi wa 2 mwaka unaofuata. Zidisha 28 kwa miezi 11 iliyokwisha, ongeza 20, unapata siku ya 328. Toa kwenye 365, zimebaki 37. Upande wa pili ni 28 na 5, yaani 33. Safari ni siku 70. Ukipata 69, umeiruka siku ya ziada.

Na siku hiyo ndiyo sehemu tajiri kuliko zote. Dini inayohesabu siku saba bila kukatiza haitakubali siku isiyo na jina. Waumini wataendelea kuhesabu, na mwaka wa pili siku yao ya ibada itakuwa imeachana na wiki ya serikali kwa siku moja. Baada ya miaka saba zinakutana tena. Hapo una mgogoro na sikukuu, vyote vimetoka kwenye hesabu.

Kinachokosekana kwenye kiolezo hiki ni makovu ya historia. Tazama siku zetu: Jumamosi ni ya kwanza, Jumatano ni ya tano, halafu inafuata Alhamisi, jina la Kiarabu ambalo nalo maana yake ni ya tano. Hesabu mbili zimekutana katika wiki moja na hakuna anayeshangaa. Kwa hiyo ukishaweka namba zako sawa, chukua jina la siku moja au mwezi mmoja kutoka kwa watu waliotawala kabla, liache palepale hata kama halilingani na hesabu, wala usimpe mhusika yeyote kazi ya kulieleza.