Siku nne Idjwi kwa miguu: milima naisifu, ile ngoma sitailipia tena

Nianze na hesabu, maana kila anayeniuliza habari za Idjwi, kile kisiwa chetu cha Ziwa Kivu huku Kongo, anaanza na bei. Julai 2023 tulilipa dola 190 kila mmoja kwa siku nne na usiku tatu. Tulikuwa watano: mimi, shemeji yangu, binamu yangu aliyekuja likizo kutoka Ubelgiji, na wanafunzi wawili wa hapa Bukavu ambao hatukuwa tunafahamiana. Pesa hiyo ilihesabiwa boti ya kwenda na kurudi, malazi, chakula, kiongozi, wabeba mizigo wawili, na kitu kilichoandikwa kwenye karatasi yao "mchango wa kijiji cha Bambuti", dola 10 kwa kila kichwa. Bambuti ndio hao hao Batwa, watu wa asili wa msituni. Huo mstari wa mwisho uweke akilini, nitaurudia. Kampuni siitaji jina. Bukavu ni ndogo, na mmoja wa wenyewe tunasali naye kanisa moja.

Walitupa njia mbili. Ya kwanza ilikuwa Kahuzi-Biega, kuona gorila, halafu kijiji cha Batwa pembeni ya hifadhi. Binamu aliitaka hiyo, mimi nikakataa. Gorila sina ugomvi nao. Lakini sisi wa Kabare, jirani na msitu huo, tunajua ile habari bila kusimuliwa: mwaka 1970 msitu ukafanywa hifadhi ya taifa, 1975 ukapanuliwa, na Batwa waliokuwa wakiishi ndani wakatolewa bila kupewa mahali pa kulima. Oktoba 2018 baadhi yao wakarudi msituni kwa nguvu, na tangu hapo kumekufa watu upande wao na upande wa walinzi. Niingie humo kama mgeni mwenye tiketi, kisha jioni nikawaangalie wao wakicheza? Tukachukua Idjwi.

Tuliambiwa tuwe bandarini saa moja asubuhi. Boti iliondoka saa nne. Hilo mtu wa Bukavu hashangai, lakini hili alishangae: abiria tulikuwa kumi na wanne, jileti za kuogelea zilikuwa nane. Mwenye boti akasema ziwa leo limetulia. Kila mwaka tunazika watu ambao ziwa lao lilikuwa limetulia. Shemeji akakaa juu ya mzigo wake ufukweni, akasema yeye hapandi, na mkiona mwanamke wa Kadutu yetu ya Bukavu amekaa juu ya mzigo mjue ameshakaa. Kiongozi wetu akakimbia kwenye boti nyingine, akaazima sita. Usipande kabla hujavaa yako na kufunga kamba.

Huyo kiongozi ndiye aliyeokoa safari yetu yote, kwa hiyo nimseme kidogo. Ni kijana wa Idjwi, amezaliwa kusini karibu na Monvu, na kile kisiwa anakijua kama mtu anavyojua nyumba ya mama yake gizani. Siku ya kwanza tulikuwa tunapanda njia pana na nzuri, ghafla akatupitisha kwenye migomba, mteremko mkali, binamu akaanza kunung'unika. Baadaye ndipo akatuambia kwamba pale mbele kulikuwa na matanga, na si adabu kundi la watu wenye kofia na kamera kupita mbele ya wafiwa. Programu ya kampuni haina habari kama hiyo.

Kuhusu milima, msidanganywe na neno "kisiwa". Ziwa Kivu lenyewe liko mita 1,460 juu ya usawa wa bahari, halafu mgongo wa Idjwi unapanda kutoka hapo mpaka unapita mita 2,000. Unapanda, unashuka mpaka bondeni, unavuka kijito, unapanda tena, na kila ukifika juu ziwa liko upande mwingine na rangi nyingine. Julai ni kiangazi: vumbi jekundu, ukungu mweupe unaoficha milima ya Rwanda mpaka saa nne. Upande wa mashariki simu yangu ikanikaribisha Rwanda mara tatu, na mara tatu ikanila salio. Zima intaneti mapema.

Mchana wa siku hiyo ya kwanza tukapita kwenye kituo cha kuosha kahawa. Msimu ulikuwa unaishia, kulikuwa na magunia machache tu ya mwisho. Mama mmoja alikuwa anamwaga kahawa mbivu kwenye beseni la maji. Zinazozama anaziacha, zinazoelea anaziondoa kwa mkono, maana punje inayoelea haina kitu ndani. Pembeni mzee alikuwa anachambua juu ya meza ya waya. Alituambia kwamba zamani kahawa ilikuwa haikai kisiwani. Ilivushwa usiku kwa pirogi (mtumbwi) mpaka Rwanda, huko wanapewa sabuni, chumvi na nguo, na upepo ukiwakuta katikati basi ndiyo imetoka. Wadogo zake wawili walienda hivyo. Alisema huku vidole vyake havisimami, anatupa punje mbovu kushoto, nzuri kulia. Programu ilituandikia dakika ishirini pale. Tulikaa saa mbili, na kiongozi hakutukimbiza.

Malazi: nyumba ya parokia usiku wa kwanza, safi, vitanda vya mbao, umeme wa sola unaokata saa tatu. Usiku wa pili nyumba ya mtu, godoro lilikuwa na historia yake. Chakula sikuwa na la kulalamika: bugali, sombe (kisamvu), maharagwe, na sambaza, vile visamaki vya ziwa, zilizokaangwa kavu mpaka unatafuna na kichwa. Na ananasi za Idjwi, nadhani hazihitaji mtu wa kuzisifu. Sambaza, kwa wasiojua, si mwenyeji wa ziwa letu. Aliletwa kutoka Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950, na leo hakuna anayeweza kufikiria Kivu bila yeye. Usiku tulikaa nje tukiangalia taa za wavuvi, zile pirogi tatu-tatu zilizofungwa pamoja na miti yake mirefu iliyochomoza kama ndevu za kamba wa baharini. Wanaimba wakipiga kasia. Sauti inafika nchi kavu ikiwa imechelewa kidogo, mkono unaona umeshaenda, wimbo unakuja baadaye.

Sasa ile ngoma.

Siku ya pili, saa tisa mchana, tukafika kijiji cha Bambuti kilichokuwa kwenye programu. Mtu wa kampuni alikuwa ametangulia. Alipotuona akapiga filimbi, filimbi ya mpira wa miguu kabisa, na watu wakaanza kutoka huku na huku. Wengine walitoka mashambani, na mashamba yenyewe si yao, walikuwa kwenye kibarua cha siku. Mzee mmoja alifika anahema, jembe bado liko begani, akaambiwa alitupe avae majani. Wakavaa majani juu ya mashati ya kampeni ya uchaguzi, yale yenye picha ya mgombea kifuani. Ngoma ikapigwa dakika kumi. Binamu akarekodi. Mimi nilicheza pia, sikatai, maana kusimama kama mti ni aibu zaidi. Shemeji alikuwa anaangalia ziwa.

Ikaisha, wakapanga mstari, mtu wa kampuni akawaambia watushukuru. Wakatushukuru. Hakuna aliyetuambia jina la mtu hata mmoja, hakuna aliyetuuliza la kwetu. Tulipokuwa tunapanda kilima kiongozi akaja karibu yangu, akasema polepole: "Yaya" (ndivyo huku tunavyomwita mkubwa), "ile si ngoma yao. Ile ni ngoma ya wageni." Nikamuuliza ya kwao ni ipi. Akacheka, akasema ya kwao haipigwi saa tisa mchana na jua lote hili.

Siku ya tatu mbeba mizigo mmoja akashikwa na tumbo, ikabidi tusimame kabla ya mahali tulipopangiwa. Kiongozi akasema hapo chini kuna Bambuti wengine, anafahamiana nao, tuombe kivuli. Hakuna filimbi. Tulimkuta mama wa makamo amekaa chini, miguu ameinyoosha, anafinyanga chungu. Mimi ni Mushi, wa kabila la Bashi, na lugha yetu Kimashi na Kihavu cha kisiwani ni majirani wa mlango kwa mlango, kwa hiyo tulielewana bila mkalimani. Nadhani hilo ndilo lililobadilisha kila kitu.

Hana gurudumu. Anasokota udongo kama kamba nene, anaizungusha juu ya kitako cha chungu cha zamani kilichovunjika, kamba juu ya kamba, huku yeye mwenyewe anajisogeza pembeni kidogo kidogo. Kisha anachukua kipande cha kibuyu na kulainisha kwa nje, mkono mwingine ndani unasukuma. Mwisho akatoa kamba fupi ya nyasi iliyosukwa, ndogo kama kidole, akailowesha mate na kuiviringisha shingoni mwa chungu, na pale ilipopita ikaacha alama kama za msuko wa nywele. Shemeji akaomba ajaribu. Chake kilikaa upande kama mlevi, watoto wakacheka mpaka wakalala chini, na mama yule akakirekebisha kwa vidole viwili bila kusema neno.

Udongo anautoa bondeni, lakini bonde lina mwenyewe. Kwa vikapu kadhaa vya udongo anamlimia mwenye bonde siku nzima. Zamani, alisema, chungu kilibadilishwa na maharagwe yanayokijaza. Siku hizi watu wana sufuria na bidoni (madumu) za plastiki, na anayenunua ananunua kwa kumhurumia. Mama yake alizaliwa wakati wao bado wako msituni juu kule. Alionyesha kwa kidevu, na tulipoangalia tukaona mihogo na mikaratusi.

Halafu akaniuliza yeye sasa: "Ile ya jana mulilipa ngapi?" Habari zilikuwa zimetutangulia, dada yake alikuwa kati ya waliocheza. Nikamwambia dola 10 kila mtu, watano. Akanyamaza, akahesabu. Kule walipewa franka 10,000 kwa kundi zima, watu ishirini na kitu, na bidoni moja ya kasiksi, pombe ya ndizi. Franka 10,000 siku zile ni dola nne hivi. Sisi tulitoa hamsini. "Banakuya, banapiga foto, banaenda," akasema, bila hasira, kama mtu anayeeleza hali ya hewa.

Tulirudi kwa boti kutoka upande wa Bugarula, jileti safari hii zilitosha. Jumatatu nikaenda ofisini na karatasi yangu. Nikaulizwa kwa upole kama safari haikunifurahisha. Nikasema safari imenifurahisha sana, nataka kujua dola 46 ziko wapi. Nikaambiwa kuna haki ya chifu, kuna gharama za maandalizi, kuna huyu wa filimbi naye ana watoto. Nikaomba nionyeshwe palipoandikwa. Hapajaandikwa. Ndugu yangu wa kanisani akaahidi wataweka utaratibu, na Jumapili iliyofuata alikaa benchi la mbali.

Kwa hiyo ukiniuliza: kiongozi nyota tano na zaidi, njia nyota tano, chakula nne, boti mbili, na kile kijiji cha programu sikipi hata moja. Ukienda na hawa au na wengine, waambie wakutolee ule mchango kwenye bei, uubebe mwenyewe kwa franka ndogo ndogo, umkabidhi mkubwa wa kijiji watu wote wakiona. Mwambie kiongozi unataka kupumzika kijijini kwa muda wa saa tatu au nne, bila ngoma. Kama kuna mtu anafinyanga, anasuka au anachoma mkaa, utakaa naye. Kama wote wako shambani, utakaa na bibi na watoto. Picha omba kwanza, na ukikataliwa usiulize mara ya pili. Viatu viwe vya kushika udongo, chukua koti, usiku kunapiga baridi ambayo binamu aliisahau huko Ulaya kwake. Kuogelea ogelea tu, Kivu haina mamba.

Vyungu tulinunua viwili, franka 5,000 kila kimoja, yeye alikuwa ametaja 3,000 na shemeji akakataa kushuka. Mama yule alituonya: kabla ya kitu chochote pikeni kwanza uji wa unga wa muhogo, muuache ulale humo usiku kucha, chungu kishibe. Mimi nilifanya hivyo, na maharagwe yake sasa watoto wanayagombania. Shemeji alisema yeye hana muda wa kulisha chungu. Chake kinavuja, amekipandia vitunguu dirishani.