Nimevaa gauni lenye nundu Arusha: je, maonyesho haya yana thamani ya elfu kumi?

Msicheke kwanza. Hiki mnachokiona mgongoni kwangu si begi, wala sijaanguka na bodaboda. Ni gauni. Kamera, shuka kidogo... hapo, nyonga ya kushoto. Imevimba, eh? Ya kulia iko kama alivyoiumba Mungu.

Haya, karibuni. Niko kwenye maonyesho ya mavazi hapa Arusha mjini, hatua chache tu kutoka Mnara wa Saa. Kiingilio elfu kumi, chumba kimoja, nguo zote ni nakala zilizoshonwa na mafundi wa hapa wakifuata kazi za wabunifu wakubwa, na hii moja unaruhusiwa kuivaa.

Wazo la nundu ni la Rei Kawakubo, mbunifu wa Kijapani mwenye kampuni ya mavazi ya Comme des Garçons. Oktoba 1996 aliwapitisha wanamitindo Paris wakiwa na mavimbe mgongoni, tumboni, bega moja, chini ya kitambaa cha drafti kinachovutika. Mwaka uliofuata Merce Cunningham, mtunzi wa dansi wa Marekani, akawavalisha wachezaji wake mavazi ya namna hiyo. Na 2017 jumba la makumbusho la Metropolitan la New York likamfanyia maonyesho yake peke yake. Mbunifu mwingine aliyepewa heshima hiyo akiwa hai ni Yves Saint Laurent, 1983.

Sasa dada zangu, sponji ndani ya nguo ni kitu kigeni kwetu? Vigodoro je? Vimetundikwa milangoni mwa maduka, vya hipsi, vya makalio, mchana kweupe! Kawakubo kakihamisha tu kigodoro. Kikikaa kwenye hipsi zote mbili unasifiwa umeumbika. Kipandishe kidogo tu, kikae upande mmoja juu ya figo, unapewa pole. Nimejipapasa hapa mbele ya kioo najiuliza, hivi haya mapatano tulikaa lini?

Ushonaji nausifu. Fundi kautengenezea kila mto wa sponji mfuko wake ndani ya bitana, kaubana pembeni kwa mkono, hauhami. Tatizo ni joto. Magauni ya Kawakubo yalijazwa manyoya laini ya ndege, mepesi; hii sponji haipumui, nimelowa jasho kama niko Kariakoo. Na kukaa, unakaa upande upande kama umepakizwa baiskeli.

Kona ya Issey Miyake, mbunifu mwingine wa Kijapani, nimepita haraka. Nguo zake za Pleats Please zinashonwa kubwa kwanza, halafu zinabanwa na karatasi kwenye mashine ya joto, ndiyo maana mikunjo haifi. Hapa wamepiga pasi. Mikunjo imeshalala.

Na jamani, waandaaji, maonyesho ya mwili halafu masanamu yote membamba kama ufito? Vibao Kiingereza kitupu? Kioo chenyewe kinanikata kichwa! Elfu kumi naitoa tena kwa ajili ya hili gauni moja. Bila hili, ningedai chenji.

Nikatoka nalo uani kupiga picha. Mlinzi, mzee wa Kimasai, kavaa shuka lake lubega, halina hata mshono mmoja. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia, akanizunguka polepole akinikagua. "Binti yangu," akasema, "sasa ng'ombe akitoroka, utakimbiaje na hiyo?"

Nikavua viatu, nikakimbia mpaka getini na kurudi. Nundu haikusogea.