Miche mizuri, ushauri wa hovyo

Mwezi wa 9, mvua ziliposhika hapa Bukavu, nilinunua miche 20 ya frezi, stroberi kwa wengine, kwa papa mmoja mwenye pepinieri ya kando ya barabara. Mche franga 1,000. Sikunung'unika: mizizi ilijaa kifukoni, na hata baada ya kupakatwa kwenye pikipiki hadi Bagira hakuna uliolegea.

Nilimweleza wazi kwamba parsele yangu imepakana na mikaratusi ya jirani, mitano, mirefu kuliko nyumba. "Hapo ndipo pazuri, mama, frezi zinapenda kivuli." Akaniuzia na gunia la mboji. Kulifungua tu, harufu ikanipanda puani kama ninajifukiza mafua: majani ya mkaratusi, mengine mazima, hayajaoza hata kidogo. Nikamwaga hivyo hivyo, si fundi ni yeye?

Miche 12 ikaenda ukutani kwa jirani. 8 ikakosa nafasi na mboji imeisha, nikaipanda mlangoni kwenye bidoni zilizokatwa, udongo wa kawaida na mavi ya sungura. Wiki ya sita, ya bidoni ina maua. Ya ukutani imejikunja, kingo za majani zimeungua. Nilipong'oa mmoja, mizizi yake ilikuwa vijinyuzi vyeusi, imezungukwa na mizizi ya mkaratusi minene kama kidole.

Nikarudi kwake. "Miti yenye sumu ni ya Marekani, mama." Alikuwa na maana ya mti wa jozi nyeusi, ambao jugloni yake, yaani sumu yake, inanyausha bluberi zilizo karibu. Hilo kweli. Lakini mkaratusi nao una yake: mvua inaosha majani, mafuta na asidi zake zinashuka udongoni na kudumaza mizizi michanga. Maji nayo unayanywa wenyewe, na mizizi ya frezi haiendi chini kuyafuata. Hata bibi yangu kule Kabare hakuwahi kupanda maharage chini ya mikaratusi, na shule hakuiona.

Hakubishana sana, akanipa miche 4 ya bure. Kwa hiyo miche nitanunua tena kwake. Mboji, nitanusa gunia kabla ya kutoa pesa.

Za bidoni zimeiva wiki iliyopita. Wa kwanza kubisha hodi alikuwa jirani mwenye mikaratusi.