Wamenikatia fidla mbili za mwisho

Nilikuwa naipa programu hii ya muziki nyota tatu. Sauti ni safi, na bando haili sana. Lakini kwa jibu nililopewa juzijuzi na huduma kwa wateja, naipa moja tu, na ni kwa sababu sifuri haipo.

Kuna simfonia, yaani muziki mrefu wa okestra, ya mtunzi wa Austria Joseph Haydn, namba 45, inayoitwa ya Kuagana. Nimelelewa Unguja kwenye nyumba ya taarab, fidla naijua, ila hii ilinishika kwa kisa chake. Mwaka 1772 Haydn alikuwa ameajiriwa na Mwanamfalme Nikolaus Esterházy. Bwana huyo alikuwa akihamia kasri lake la Eszterháza, Hungaria, na wanamuziki wanamfuata, wengi wao wakiwaacha wake zao mjini Eisenstadt, Austria. Mwaka ule bwana akanogewa, hakutaka kuondoka. Watu wakamwendea Haydn. Naye, badala ya kwenda kulalamika, akaandika muziki. Mimi nipo Maskati, likizo yangu imesogezwa mara mbili, kwa hiyo hapo sihitaji kufafanuliwa.

Inaanza kwa hasira. Fidla za kwanza zinateremka kwa kishindo, za pili zinahema chini yake, hazitui kwenye mdundo. Imetungwa kwenye F shapu maina, ufunguo (yaani ngazi ya sauti) ambao watunzi wa simfonia wa karne ile karibu wote waliukwepa; Haydn ilibidi aagize vipande maalumu vya kuchomeka kwenye baragumu ili zipigike. Sehemu ya mwisho inakwenda mbio, mbio, halafu ghafla inasimama. Unaingia mwendo wa polepole, mtulivu, na hapo ndipo watu wanapoanza kuondoka. Oboi na baragumu, ala za kupuliza, wanapiga kipande chao cha kuaga, kisha kimya. Basuni kimya. Besi kubwa inasema yake peke yake, nayo inakwenda. Inasimuliwa kwamba kila aliyemaliza alizima mshumaa wake, akachukua ala yake akatoka, mpaka wakabaki wawili na fidla zilizobanwa sauti: Haydn na Luigi Tomasini, kiongozi wa wapiga fidla. Bwana akaelewa. Kesho yake, wanasema, safari ya kurudi ikaanza.

Sasa nisikilizeni. Tangu programu isasishwe, zikibaki zile fidla mbili tu, wimbo unaofuata unaingia juu yake. Nipo ghalani zamu ya usiku, spika za masikio zipo sikioni, nangoja ile sauti ya mwisho inayofifia, mara gitaa na ngoma hizi hapa! Nikarudia. Vilevile. Nikarudia tena. Nimelipia kila mwezi, sijachelewa hata siku moja.

Nikawaandikia kwa adabu, nikawaeleza ni dakika ya ngapi. Jibu: “Sehemu hiyo sauti ni ndogo sana, hujakosa kitu.”

Sijakosa kitu! Dakika ishirini na kitu zote zimepangwa zifike pale. Mtu ameondoa okestra nzima mbele ya tajiri wake ili wabaki wawili wasikike, wewe unaniambia sauti ni ndogo? Ni ndogo kwa makusudi!

Haki isemwe: kijana mmoja tunayefanya naye kazi alinionyesha kitufe cha kuzima huko kuunganisha nyimbo. Kimefichwa ndani kabisa ya mipangilio, na aliyenijibu hakukitaja. Nikakizima, nikasikiliza mpaka fidla ya mwisho ikanyamaza yenyewe. Nilikaa juu ya maboksi sikuweza kuinuka kwa muda. Rekodi waliyonayo ni nzuri mno, lazima niseme, na kwa ajili yake nilitaka kurudisha zile nyota tatu.

Nimefungua ile barua yao tena sasa hivi. Hapana. Sitaifuta programu, lakini nyota inabaki moja mpaka aliyeniandikia aisikilize simfonia hiyo mpaka mwisho.