Jino la kupandikizwa kwa bima ya Medicare Advantage: bima ililipa nini, mimi nililipa nini

Nianze na pesa, maana ndilo swali la kwanza ninaloulizwa. Gego moja la chini, kuanzia kung'olewa hadi jino jipya kuvishwa kofia, lilifika dola 4,770. Bima yangu ya Medicare Advantage ilitoa dola 1,760. Dola 3,010 zilizobaki zilitoka mfukoni mwangu. Kazi ilianza Machi 2024 ikamalizika Januari 2025, hapa Dallas, Texas, ninakoishi na kisukari changu na pensheni ndogo ya kazi ya kuuguza wazee. Kampuni ya bima siitaji. Mipango hii hutofautiana kutoka kaunti moja hadi nyingine hata ndani ya kampuni ileile, kwa hiyo jina lingewapoteza njia tu.

Kwa wenzangu wanaokaribia miaka 65, au mlioleta wazazi huku na wametimiza miaka mitano ya ukaazi wa kudumu, muelewe kwanza kwamba Medicare ya serikali, yaani bima ya afya ya Marekani kwa wenye miaka 65 na zaidi, haishughuliki na meno. Sheria yake, aliyoitia saini Rais Lyndon Johnson Julai 1965, inakataa waziwazi kulipia matibabu ya meno, kuziba, kung'oa na kuweka mengine. Inachekesha kidogo, kwa sababu mwaka huohuo wa 1965, kule Gothenburg, Sweden, mtafiti Per-Ingvar Brånemark alikuwa anampandikizia mgonjwa wake wa kwanza meno kwa skrubu za titani. Teknolojia na katazo ni wa rika moja. Siku hizi Medicare imelegeza kidogo: italipia meno yanayofungamana na tiba nyingine kubwa, kwa mfano kuondoa maambukizi kinywani kabla ya kubadilishiwa kiungo au vali ya moyo, kabla ya tiba ya saratani ya kichwa na shingo, na tangu 2025 kwa wanaosafishwa damu kwa sababu ya figo. Lakini gego lililopasuka kwa kutafuna mfupa wa mbuzi haliingii humo.

Ndiyo maana watu wengi tunaishia kwenye Sehemu C, yaani Medicare Advantage. Serikali huilipa kampuni binafsi kiasi fulani kila mwezi kwa ajili yako, nayo kampuni hukupa yote ya Sehemu A (hospitali) na B (madaktari), kisha huongeza meno, miwani na vifaa vya kusikia ili ukubali kujiunga. Kuanzia Oktoba televisheni hazinyamazi: meno, macho, masikio, na ada ya mwezi sifuri! Hiyo sifuri ni ya mpango wenyewe. Ada ya Sehemu B unaendelea kuilipa, ilikuwa dola 174.70 kwa mwezi mwaka 2024 na dola 185 mwaka 2025, na hukatwa kwenye malipo yako ya Social Security, pensheni ya serikali, kabla hujayaona.

Nilipompigia wakala wa bima, alinijibu kwa furaha kwamba implanti, yaani haya meno ya kupandikizwa, "zimo". Nikamwomba aniambie ni ukurasa wa ngapi. Akaanza kuniuliza hali ya hewa ya huku ikoje.

Kitabu cha kusoma ni kile kikubwa kiitwacho Evidence of Coverage, siyo kile kijarida chenye picha za wazee wanaocheza gofu. Humo, kwenye sura ya meno, mipango mingi huorodhesha huduma kwa namba, na hizo namba ndizo roho ya mambo. Kwa daktari na bima, implanti si kitu kimoja. D6010 ni skrubu yenyewe inayoingia kwenye taya. D6057 ni kile kipande kinachotokeza juu ya fizi, kikichongwa kwa kipimo chako. D6058 ni kofia ya kauri inayokaa juu yake. D7953 ni unga wa mfupa unaojazwa shimoni jino likishang'olewa, ili taya lisinywee. Mpango wangu ulikuwa na D6010 na D6058, kila moja kwa asilimia 50. Kipande cha katikati haukuwa nacho. Unga wa mfupa haukuwa nao. Picha ya pande zote ya taya, ambayo daktari wa upasuaji hawezi kufanya kazi bila hiyo, haukuwa nayo pia. Yaani wanakulipia nusu ya msingi na nusu ya paa, kuta ujijue.

Hesabu yangu ilikuwa hivi. Kung'oa jino dola 220, bima 110. Unga wa mfupa dola 450, picha dola 250, bima sifuri kwa vyote viwili. Skrubu dola 1,900, bima 950. Kipande cha katikati dola 550, sifuri. Kofia dola 1,400, bima 700. Ila kuna faida moja isiyoonekana kwenye hesabu hiyo: bei ya kawaida ya skrubu kwa daktari yule ni dola 2,600, na kwa sababu alikuwa ndani ya mtandao wa bima, yaani orodha ya madaktari wenye mkataba nao, alilazimika kuniandikia ile bei waliyokubaliana. Wenye kulalamika kwamba bima "haikusaidia kitu" mara nyingi hawahesabu punguzo hilo.

Sasa, kikomo. Bima yangu haikulipa zaidi ya dola 1,500 kwa mwaka kwa mambo yote ya meno, hicho ndicho kikomo, na kusafishwa meno na ukaguzi, ambavyo wanaviita vya bure, navyo vilikuwa vinakula kwenye kikomo hichohicho. Kufikia Agosti, skrubu ilipoingia, nilikuwa nimebakiwa na dola 200 tu. Kama kofia ingewekwa Desemba, kama alivyotaka karani wa kliniki, bima ingenipa hizo 200 basi. Nikamwuliza daktari kama kusubiri kuna madhara yoyote. Akasema hakuna, mfupa unahitaji miezi kadhaa kuishika titani kwa vyovyote vile, na kwa mwenye sukari yeye mwenyewe hapendi haraka. Basi nikapangiwa Januari, kikomo kikaanza upya, nikapata 700 zangu kamili. Dola 500 kwa kusukuma miadi mbele kidogo, na hakuna mtu yeyote kwenye kampuni ya bima aliyenidokezea.

Mchezo huo una hatari yake. Mpango huruhusiwa kubadilisha masharti kila Januari, na barua ya mabadiliko lazima iwe imekufikia kufikia mwisho wa Septemba. Yangu ilisema kikomo cha 2025 kinashushwa hadi dola 1,200, lakini D6058 ilikuwa bado imo. Kama wangeiondoa, ningekubali zile 200 za Desemba au ningetafuta mpango mwingine kabla ya dirisha la kubadilisha mpango kufungwa tarehe 7 Desemba. Hiyo barua wengi huitupa pamoja na vipeperushi vya piza. Isomeni, hata kama ni ukurasa wa meno peke yake.

Palipoharibika ni kwenye mtandao wa madaktari. Kampuni ya bima haishughulikii meno yenyewe, imeyakabidhi kwa kampuni nyingine, na kila moja ina orodha yake. Daktari wa upasuaji alikuwa kwenye orodha ya hii, hayumo kwenye orodha ya ile. Kabla ya kukatwa fizi nilikuwa nimeomba kliniki ipeleke makadirio na ombi la kibali cha awali, na jibu la maandishi lilikuja likisema nusu ya skrubu italipwa. Hata hivyo dai lilipokwenda, lilirudi limekataliwa: daktari yuko nje ya mtandao. Nilipiga simu nikazungushwa kutoka kampuni hii hadi ile kama mpira wa makaratasi. Nikaacha simu. Nikaandika rufaa, nikabandika nakala ya kile kibali pamoja na ukurasa wa orodha yao wenyewe niliouchapisha siku ya miadi. Wakati huo tulikuwa na siku 60 za kukata rufaa tangu tarehe ya barua ya kukataliwa, na tangu 2025 ni siku 65. Walilipa. Walioamua rufaa hawakuomba radhi, lakini hundi haihitaji radhi.

Nyota tatu kati ya tano, ndivyo ninavyoupa mpango huu. Kwa kusafisha, kuziba na kung'oa, nne. Kwa implanti, mbili.

Na msiuchague mpango kwa sababu ya meno peke yake. Jirani yangu Mkongomani alikuwa na Medicare ya serikali pamoja na bima ya nyongeza ya Medigap, akataka kuviacha ili apate implanti. Nilimwambia: ndugu yangu, ukitoka huko, ukakaa zaidi ya mwaka, siku ukitaka kurudi, hapa Texas kampuni ya Medigap ina haki ya kukuuliza magonjwa yako na kukukataa, kwa sababu ile miezi sita ya mwanzo ambayo hawaruhusiwi kukataa imeshapita. Ana moyo mbovu. Dola elfu moja na kitu za jino hazifai kubadilishwa na daktari wake wa moyo, ambaye pengine hata hayumo kwenye mtandao mpya. Nikampa namba ya HICAP, washauri wa Medicare wa jimbo letu ambao hawauzi bima na hawatozi chochote. Akazungumza nao kwa mkalimani wa Kiswahili kwenye simu. Amebaki alipo, na jino lake analishughulikia kwenye chuo cha udaktari wa meno, wanafunzi wakifanya na walimu wakisimamia. Ni polepole, unakaa kitini mpaka mgongo unauma, lakini bei ni ndogo.

Wapo wanaosema panda ndege ukafanyie Mombasa au Nairobi. Bei ni nafuu zaidi, sikatai, na kuna madaktari hodari. Ila mpango kama wangu wa Medicare Advantage hautachangia hata senti kwa meno uliyowekewa huko, na kazi yenyewe inataka safari mbili zilizoachana kwa miezi. Skrubu ikilegea ukiwa umerudi Dallas, daktari wa hapa atataka kujua ni ya kampuni gani na ya kipimo gani kabla hajaigusa. Ukienda, rudi na karatasi yenye maelezo hayo.

Kuhusu maumivu, kung'oa ndiko kuliuma zaidi. Kuweka skrubu kulikuwa na ganzi, kelele na mtetemo, na uvimbe ukaisha kwa dawa ya kawaida. Wenye kisukari wenzangu, daktari atataka kuona kipimo chenu cha sukari cha miezi mitatu, na wanaotumia dawa za kuimarisha mifupa waseme mapema kabisa, kwa sababu dawa hizo zinaweza kuzuia taya kupona. Mfupa wa mbuzi sasa ninatafuna upande wa kushoto.